Kaa la Matanga

Moshi wa Kasimiri ulikuwa hauendi juu. Uluguru nzima moshi unajua njia yake, unapanda, unachanganyika na ukungu, basi. Wake unashuka. Unatambaa kama nyoka mwenye njaa, unakatiza uwani, unaingia mlangoni, halafu hautoki. Bati la nyumba ile lina matundu kuliko chekeche, na bado hautoki.

Kasimiri mwenyewe alikuwa mtu, si mchezo. Kabichi zake, huku juu ya Mlali hakuna aliyemfikia. Kabichi moja wanabeba wanaume wawili, wa tatu anasafisha njia. Lakini alipofariki mkewe, Lucy, bwana yule akabaki fremu tupu.

Matanga yalikuwa makubwa. Gogo la moto nililikata mimi, kwa mikono hii. Mwingine angekata wiki, mimi asubuhi moja na chai sijanywa. Sasa kila mtu huku anajua: moto wa matanga, ule wanaume wanaoulalia uwani, siku ya kuanua unazimwa na mtani. Unazimwa mpaka kaa la mwisho, majivu yanamwagwa mtoni. Mtani wao alikuwa Abuu, Mzigua wa Turiani, mdomo kama panga. Akauzima huku anamtukana marehemu, watu wanalia na kucheka. Kumbe Kasimiri keshaiba kaa moja, kalificha kwenye kigae nyuma ya choo.

Kaa akalilisha vijiti, likawa moto. Kila magharibi, jua likiegemea mlima, anachuchumaa hapo na kuusimulia jambo moja la Lucy. Walivyoonana gulioni. Walivyofunga ndoa. Akilala anaota jambo hilohilo, zima, mpaka harufu ya mafuta ya nazi kwenye nywele za mkewe. Nani angeacha?

"Dada, hii kanga ya nani?" aliuliza siku moja.

Irene, dada yake mkubwa aliyehamia pale kumlea mtoto, akadhani masihara. "Ya mkeo. Si ulimnunulia mwenyewe Pasaka?"

"Mimi?"

Irene akaacha kumenya njegere.

Moto ulikuwa unakula. Alilosimulia jioni, asubuhi kichwani halipo. Na yule Lucy wa ndotoni kila akilishwa ananenepa, mpaka siku hiyo akafungua mdomo: "Unanipa vidogovidogo. Nipe siku aliyozaliwa Glory."

Glory ndiye mtoto wao pekee, miaka sita, meno ya mbele hana. Na Kasimiri, magharibi iliyofuata, akaitoa siku ile yote.

Kulipokucha akamtazama mtoto anayekunywa uji. "Huyu wa nani? Mbona yuko kwangu?"

Glory akalia mpaka akapaliwa. Irene akashika simu.

"Nyie Waluguru," Abuu akaanza, "mnakufa kila mwezi kama kuku wa mdondo. Sasa nani tena?"

"Hajafa mtu. Kasimiri aliiba kaa la matanga. Kila magharibi namsikia nyuma ya choo analisimulia habari za Lucy, jana siku aliyozaliwa Glory, na leo mwanawe hamjui."

Abuu akaacha matusi. Abuu! Mtu ambaye hata usingizini anatukana.

"Dada Irene, sikiliza," akasema kwa sauti ya chini. "Huyo si Lucy. Lucy kalala kaburini kwake. Huyo ni jini, kala kumbukumbu, kazivaa kama nguo. Mkishampa siku ya kuzaliwa mtoto, mmempa umama. Atakuja kumchukua. Kamata huyo mtoto, nakuja."

Ilipofika magharibi Irene kamkumbatia Glory chumbani, komeo kaweka, meza kasukumia mlangoni, lakini moshi ukapita chini ya mlango, ukapanda mwilini kama mikono inayopapasa, na nyumba ikajaa mafuta ya nazi mpaka ukimeza mate unayaonja, na huko nje ikaanza sauti, laini, ya Lucy kabisa, inasema njoo Glory mwanangu, ulizaliwa mvua ya mawe inapiga bati, nikakufunga kanga ya njano kwa sababu nyingine zilikuwa zimelowa, njoo mama akushike, na mtoto akasimama, akamburuta shangazi mtu mzima na meza na komeo kama anavuta mdoli, mpaka nyuma ya choo, ambako baba yake amechuchumaa anatazama tu, na moto umesimama urefu wa mtu, umefungua mikono.

"Niache, shangazi. Mama ananiita."

"Mshenzi!"

Abuu huyo, anashuka kwenye pikipiki. Pikipiki aliipata jioni, lakini Turiani mpaka Mlali alikata kwa nusu saa, vijiji vyote vilidhani ndege. Hana ubani, hana kitabu. Ana ndoo ya maji na mdomo.

"Eti wewe Lucy? Lucy gani hakoromi? Lucy alikuwa anakoroma kama trekta la miwa! Haya, mimi shemeji yako ulinirushia nini siku ile ya ugali ulioungua? Sema!"

Moto ukayumba. Haujui. Kasimiri alikuwa ameulisha matamu tu.

"Husemi? Na kwaya ulifukuzwa kwa nini, sauti ya mbuzi wewe?"

Moto ukapungua, ukafika kiunoni, ukafika gotini. Kasimiri akainua kichwa, akaanza kucheka huku machozi yanamtoka. "Mwiko," akasema. "Alikurushia mwiko. Ukakupata sikioni."

Abuu akamwaga ndoo. Kikasikika kilio, Mlali nzima mbwa waliingia uvunguni.

Majivu wakayamwaga mtoni usiku uleule. Siku ya kuzaliwa Glory haikurudi. Kasimiri akamwambia mtoto, "Mimi sikukumbuki. Nitakuzoea." Glory akatoka, akaenda kuchokoachokoa kile kigae nyuma ya choo.

Jioni ya tatu Irene yuko jikoni, kabandika maharage. Moshi wa mafiga ukapanda kidogo, ukasita, ukajikunja ukashuka. Ukatoka nje kwa kutambaa.

Akaufuata. Nyuma ya migomba Glory kachuchumaa mbele ya kopo la maziwa, ndani yake kaa moja, jekundu kama jicho. Midomo inamcheza, analisimulia.

"Glory!"

Hakugeuka.

"Glory, si nakuita!"

Mtoto akainua uso, anatabasamu, ananuka mafuta ya nazi.

"Shangazi," akauliza, "Glory ndiye nani?"