Wimbo Ambao Hakunipimia

"Ukitoka na gitaa hilo, usirudi nalo," nilimwambia.

"Basi nitarudi bila gitaa," alijibu Cheche, akafunga zipu ya begi.

Ilikuwa Jumanne asubuhi. Gari la bendi lilipiga honi mara mbili, mume wangu akashuka ngazi bila kugeuka. Maonyesho kumi na moja, miji kumi na mmoja. Nilibaki na cherehani na gauni la mteja lisilo na mikono.

Cheche alichukua nyimbo za zamani, za kutwangia na za kubembelezea watoto, akazipiga kipanki: gitaa mbio, koo linakwaruza, watu wanarukaruka. Miaka sita hakuna redio iliyomtaka. Miaka yote hiyo kila wimbo mpya aliupimia kwangu. Alikuwa akisimama mlangoni na kuimba huku nikishona. Mguu wangu ukisimama kwenye cherehani, wimbo umefaulu. Nikiendelea kushona, anachana karatasi bila kuuliza.

Huu mmoja hakunipimia. Niliusikia siku chache kabla ya safari, kwenye simu ya mteja niliyekuwa nikimpima kiuno. Maneno yalikuwa yangu. Ndiyo niliyomwambia binti yetu, siku mbili alizokuwa hai, mkono wangu ukiwa ndani ya kile kisanduku cha kioo cha hospitali: "Pumua kidogo, mama yuko hapa. Pumua tena." Sasa yalikuwa yanapigiwa ngoma, vijana wanayapokea kwa kelele. Mteja akaniambia wimbo huo humchangamsha akiwa anafua.

Siku ya nne ya safari alituma ujumbe: "Umekula?" Sikujibu. Siku ya sita: "Uwanja umejaa. Wanautaka huo tu." Nikaandika, nikafuta, nikaandika tena: "Ni wa mtoto wangu."

Akajibu: "Ni wangu pia."

Kukaa sikukaa, kulala sikulala. Nilifumua mshono uliokuwa sawa, nikaushona upya, nikaufumua.

Aliyepiga simu ni shemeji, mdogo wake, mpiga ngoma wa bendi. Alizunguka sana, akaulizia afya ya mama yangu, akaulizia mvua, mwishowe akasema kaka yake analala garini na chakula hakigusi.

"Shemeji, mwambie umemsamehe, tufanye kazi. Wimbo ukishatoka ni wa watu."

"Na wewe ulijua maneno ni ya nani?"

"Nilijua. Nilidhani amekupimia."

Mji wa saba ulikuwa mwendo wa saa tatu kwa basi. Nilimkuta mchana nyuma ya jukwaa, amekaa juu ya spika, anabadilisha waya wa gitaa. Alikuwa amekonda. Aliponiona hakuinuka, kama mtu anayeogopa kwamba akiinuka nitaondoka.

"Kwa nini hukunipimia?"

"Nilijua mguu wako utasimama."

"Si ndicho ulichokuwa unataka siku zote?"

"Ungesimama, halafu ungesema hapana. Ningejua ni wimbo bora niliowahi kutunga, na siruhusiwi kuuimba." Alikaza waya, ukakatika. "Wewe ulikuwa ndani naye. Mimi walinisimamisha kwenye korido. Maneno yako niliyasikia kwenye upenyo wa mlango. Sina kingine cha kwake."

Hilo sikulijua. Miaka miwili tumelala kitanda kimoja, na sikulijua.

"Ungeniomba," nilisema.

"Naomba sasa."

"Niimbie. Bila gitaa."

Aliimba pale pale, taratibu, kwa sauti ambayo hajawahi kuipeleka jukwaani. Alipofika "pumua tena" ikamwishia. Nikamalizia mimi. Shemeji alikuwa amesimama na vijiti vyake mkononi, anatazama chini.

"Nyumbani uimbe utakavyo," nikamwambia. "Lakini watu wasiurukie."

"Wamekuja kwa ajili ya huo."

"Najua."

Jioni ile aliimba nyimbo kumi na nne. Watu waliudai ule mpaka sauti zikawakauka, wengine wakazomea, chupa ikatua karibu na mguu wake. Aliwaambia haupo tena. Maonyesho manne yaliyobaki yalifutwa. Shemeji akahamia bendi ya kupiga harusini. Hakugombana na mtu, alisema tu kwamba ana watoto wa kulisha.

Siku hizi tunapiga Jumapili mchana, kwenye ukumbi wa viti arobaini nyuma ya maktaba. Ngoma napiga mimi.