Nani anazima pompe ya Twaibu?

Kindu nzima inajifanya kujua hii habari, lakini mimi, Twaibu mwenyewe njo alinieleza, na mimi hakuna mutu ananidanganya.

Mu kave, chini ya nyumba yake, maji ilikuwa inaozesha muchele wake wa Kibombo. Akaweka pompe ya kutoa maji, pamoja na kifaa cha kumuandikia ku telefone. Asubui moja anatembea mu saloni na buti za shamba, telefone ikalia: «Pompe imezimwa kwa mukono.» Mara ya tatu, na kila mara akiwa na zile buti! Akamuitia muke wake:

— Mounira! Unataka muchele wangu uoze?

— We bwana, kadena ya mulango wa kave ulifunga wewe, ufunguo uko mu mufuko yako!

Mama yake, Mwanvua, akasema polepole:

— Vua buti, mwanangu. Wakati wa vita tulijificha mu kave mule. Buti za askari zikipita huku juu, tulikuwa tunafunika watoto kinywa. Kuna wenye hawakupumua tena.

— Mama, niache na vita yako!

Akafungua kadena, akashuka na buti zake, ko, ko, ko, mpaka mu giza. Pompe kimya. Maji inatonatona tu.

— Nani iko humu? Toka, nikuvunje...

Hakumaliza. Mukono mudogo, wa baridi, wenye kulowana maji, ulimufunika kinywa.