Mlinzi wa Ghala la Sola

Saa 2:00 usiku. Chumba cha nyuma cha kilabu cha pombe, Sumbawanga. Gaudensi alifunga komeo, akachora mezani kwa kidole kilicholowa bia.

"Ghala la sola. Mimi na Ipyana tunaingilia dirisha la nyuma. Betri zote kwenye Noah, tunashuka ziwani Kirando, boti inasubiri. Mlinzi ni mzee mmoja. Loth, huyo wako."

"Nimfanyeje?"

"Piga naye soga. Asinyanyuke."

"Haguswi?"

"Haguswi. Leteni simu zenu, zinabaki hapa."

Loth alikuwa na miezi minne tangu atoke Mbeya. Watu aliosema nao mjini ni hawa wawili tu, na habari yao ilikuwa kazi.

Saa 7:10. Baridi ya Ufipa iliingia hadi kwenye mifupa. Mlangoni pa ghala, mzee alijikunyata kando ya jiko la mkaa.

"Shikamoo, mzee. Nimekosa gari. Naomba kuota moto."

"Marahaba. Kaa, mwanangu."

Akampisha kwenye benchi, akammiminia chai ya tangawizi. Aliitwa Sebastiani, mtu wa Mwazye. Mkewe alifariki mwaka juzi. Watoto wako mbali.

"Usiku kucha husemi na mtu?"

"Nasema na redio." Mzee akacheka. "Wewe mama yupo?"

Loth alijiandaa kudanganya. Ukatoka ukweli: mama alifariki, naye hakufika mazishini. Hakuwahi kumwambia mtu. Mzee alimshika bega, mkono ukabaki pale.

Saa 7:45. Nyuma ya ghala chuma kikalia. Mzee akainuka na tochi.

"Ni paka, mzee. Kaa."

"Paka gani wa kukata nondo?"

"Nakuomba, kaa!"

Mzee akammulika usoni. Akaelewa.

Gaudensi akatokea gizani na mtaimbo.

"Gau, ulisema haguswi!"

"Kashaiona sura yako, fala!"

Loth aliurukia mkono wake, akachelewa. Pigo moja. Mzee akaanguka kando ya jiko.

"Twende!" Ipyana aliita. Loth hakwenda. Noah ikaondoka bila taa.

Saa 8:05. Alikandamiza jeraha kwa shati lake, akapiga kelele hadi sauti ikakauka. Mtaa mzima haukufungua hata dirisha moja.

"Usilale, mzee. Nisemeshe."

"Baridi," mzee alinong'ona.

Hakusema tena.

Saa 8:40. Polisi wa doria walimkuta bado anamsemesha. Iliwabidi waviachanishe vidole vyake na mkono wa maiti, kimoja kimoja.

"Ni baba yako?" askari aliuliza, akimfunga pingu.

Loth alitikisa kichwa.