Gauni Kwenye Kamba ya Sista

Uvumi ulianzia bombani: eti Sista, muuguzi wa zahanati yetu, haishi kwenye nyumba ya serikali aliyopewa, kila jioni anarudi mjini. Nilibisha. "Mbona nguo zake ziko kambani kila siku?"

Mwenzangu akacheka. "Shoga, wewe ukiugua utatibiwa na nguo?"

Nikajitwisha ndoo yangu, nikaondoka.

Nyumbani, kila asubuhi binti yangu wa darasa la sita aliamka, akachota maji, akafagia uwanja, kisha akatoweka kidogo kabla ya shule. Nilidhani anampitia rafiki yake.

Jumamosi moja asubuhi, zahanati imefungwa, kitindamimba wangu alibanwa na pumu. Kifua kikawa kinapiga filimbi, midomo ikageuka rangi. Nikambeba mbio hadi kwa Sista, pale nyuma ya zahanati. Gauni lake jeupe la kazi lilikuwa kambani, linachuruzika maji.

"Sista! Sista, fungua, mtoto anakufa!"

Hakuna aliyefungua. Jirani yetu, fundi seremala, akaja anahema. "Gonga tena mama, yupo huyo. Nguo bado mbichi."

Nikagonga mpaka vidole vikachubuka. Nyuma yangu binti yangu, aliyekuwa amenifuata mbio, akaangua kilio.

"Mama, usigonge. Hayupo."

"Umejuaje?"

"Gauni nimelianika mimi. Kila asubuhi nalilowesha, naanika, jioni naanua. Sista alisema mkubwa wake akipita aone nyumba ina mtu. Alinipa vibanio vya nywele. Akasema nisikwambie."

Ningemzaba kofi, ila mikono ilikuwa na mtoto. Fundi akatupakia kwenye pikipiki yake hadi hospitali kubwa. Mwanangu akawekewa dawa ya kuvuta, pumzi ikarudi. Daktari akaniambia, "Mngechelewa kidogo tu, mama..." Hakumalizia, na mimi sikutaka amalizie.

Jumatatu nilimfuata mganga mkuu wa wilaya, mkubwa wake Sista, ofisini kwake, nikaja naye mpaka zahanati, binti yangu nyuma yetu. Hasira zilikuwa zinanitangulia. Sista alipotuona, vidonge vikamponyoka.

"Nyumba inavuja, mkubwa," akasema kwa sauti ndogo. "Wanangu walikuwa wanalowa kitandani."

"Kwa hiyo ukamfundisha wangu uongo?" nikafoka. "Kwa vibanio? Si ungesema!"

"Mama yuko sahihi," akasema mganga mkuu. "Sista, kanuni inataka uishi mahali unaposikia mlango wako ukigongwa. Haikuwekwa kukutesa. Paa likivuja, unaniambia, linaezekwa. Huaniki gauni likae zamu badala yako."

Kisha akamgeukia binti yangu. "Na wewe, mjukuu wangu, hukutamka neno, lakini kamba ile ilidanganya kwa mkono wako. Mdogo wako nusura alipe."

Fundi aliezeka paa wiki hiyohiyo. Sista akahamia na wanawe, akaniomba msamaha mbele ya watu wa bombani. Nimemsamehe. Hasira bado ninayo, ndiyo maana ninaandika. Watoto, nanyi wakubwa mnaochungulia, epukeni haya:

Kupokea zawadi ya kazi ambayo mama haruhusiwi kuijua.

Kumfichia mtu mzima siri inayoweza kumuumiza mwingine.

Kuhama kimyakimya nyumba ya kazi, huku wagonjwa wakiamini upo.

Kuona nguo kambani, ukasema umemwona mtu.