Nilimwacha kwa Kichekesho

— Jirani yangu mmoja huko Bawshar anauza magari, — alisema Ketan pale jukwaani. — Anamsomea mteja mkataba wa Kiarabu kwa sauti ya khatibu wa Ijumaa. Mteja anatikisa kichwa, anakaribia kulia. Mwisho anauliza, "Sheikh, mbona hiyo uliyoshika ni bima ya gari la mtu mwingine?"

Ukumbi mzima ukacheka. Safu yetu ndiyo iliyocheka zaidi. Tulikuwa watu kumi na wawili wa duka moja la magari la Wattaya, hapa Muscat, tikiti katununulia bosi wetu Wael. Kisha vicheko vya safu yetu vikaanza kufa kimoja kimoja. Wael akanigeukia.

— Musallam. Yule mzee wa Nizwa, aliyenunua lile gari jeupe...

— Nyamaza, Wael.

— Ilikuwa bima. Nakumbuka, ilikuwa bima.

— Nimekwambia nyamaza.

Ketan hakunyamaza.

— Jioni mkewe humsomea barua za benki, kama mama anavyomsomea mtoto hadithi.

Nikainuka nikatoka. Nyuma yangu walikuwa bado wanacheka.

Nilikuja Muscat kutoka Unguja nna miaka kumi na tatu na darasa la sita la Kiswahili. Hapa wakanikalisha na watoto wa miaka saba. Nilistahimili miezi minne nikatoroka, sikurudi tena. Msahafu nasoma, una irabu na nimeusoma chuoni tangu mdogo. Karatasi za serikali hazina irabu, na maneno yake sikuyanyonya. Waliokuwa wanajua siri hiyo ni wawili tu: mimi na mke wangu Muhsina.

Ketan naye nilimjua. Alikuwa mwalimu wa hesabu, akisomesha shule moja na Muhsina kule Ghubra. Akaacha ualimu, akaanza kuchekesha kwenye mikahawa. Mara Dubai, mara Mumbai, mara tangazo la kitabu kinachokuja, chenye sura yake mpaka ukingoni.

Nyumbani nilimkuta Muhsina jikoni anakata vitunguu.

— Ketan amejuaje?

Hakuuliza amejua nini. Akaweka kisu chini.

— Nimemwandikia mimi.

— Umemwandikia nini?

— Vyote anavyovisema pale juu, miaka sita sasa. Ile ya mama mkwe na mashine ya kufulia ni yangu. Ile ya polisi na ngamia ni yangu.

— Na mimi ukiniambia unasahihisha mitihani.

— Nikisahihisha. Nikimaliza naandika.

— Miaka sita unaandikiana na mwanamume, ndani ya nyumba yangu.

— Namwandikia yeye, lakini ninayemwandika ni wewe.

— Basi nimekuwa kikaragosi cha Mhindi.

— Musallam, hujasikia nilivyoandika. Nisikilize kwanza.

— Nimesikia. Wael kasikia. Wattaya nzima imesikia. Nimekuacha.

Neno likishatoka huwezi kulirudisha kinywani. Muhsina alinitazama kama anayemtazama mwanafunzi aliyekojoa darasani.

— Talaka ngapi? — aliuliza.

— Moja.

— Alhamdulillahi. Akili kidogo imebaki.

Akanawa mikono, akahamia chumba cha wageni.

Asubuhi kaka yake Saud akaja na pikapu, tayari kubeba masanduku.

— Panda gari, dada. Mtu kakuacha kwa sababu ya mchekeshaji, wewe umekaa hapa unamchemshia chai.

— Sipandi.

— Umeachwa.

— Nimeachwa talaka ya rejea. Nna eda, na eda nakaa nyumba niliyoachiwa. Mwenyezi Mungu kasema tusitolewe. Wewe nani wa kunitoa?

— Musallam, mwambie.

— Siwezi. Kumtoa ni haramu.

— Na kumwacha?

Saud akapiga mlango wa gari kwa nguvu, akaenda zake mikono mitupu.

Hivyo tukaishi. Yeye na chumba chake, mimi na changu. Chakula kikiiva anagonga sufuria kwa mwiko mara mbili, anatoka jikoni, ndipo naingia mimi. Kazini watu waliacha kucheka nikipita, na hilo likaniuma kuliko kucheka. Siku moja ikaja barua ya baladia, ya halmashauri ya mji. Nikaiweka mezani, nikaizunguka kama paka. Simu ikalia, ujumbe kutoka chumba cha pili:

"Nimeiona hiyo barua. Msomaji wako ameachwa. Mpelekee Wael."

Nikamjibu: "Sikukuomba."

Akaandika: "Wala sitakusomea."

Barua ikakaa pale pale. Faini ya maji kumwagika barabarani nikaja kuijua walipokuja wenyewe kugonga.

Wiki ya kumi na mbili, Ketan akaingia dukani Wattaya, miwani ya jua kichwani. Tukazungumza Kihindi. Changu nimekiokota kwa mafundi, lakini cha kugombana kinatosha.

— Bwana Musallam, Muhsina hajibu simu zangu. Nna onyesho kubwa Mumbai, sina hata ukurasa mmoja. Ana nini?

— Yuko edani.

— Ndiyo nini hiyo?

— Nimemwacha. Kwa sababu ya domo lako.

Akavua miwani, akakaa kwenye kiti cha wateja.

— Kwa kile kichekesho? Lakini kilikuwa kizuri.

— Ketan, nitakupiga hapa mbele ya watu.

— Nipige, halafu nisikilize. Mimi nimesimama mbele ya watu wanakula biriani, hata hawanitazami. Sharjah nimezomewa mpaka fundi wa taa kanizimia taa. Muhsina hajazomewa hata siku moja. Karatasi zake zingelala kwenye droo mpaka mende wazimalize. Kuandika kazi yake, kusimama kazi yangu.

— Na jina lake liko wapi kwenye kitabu chako?

— Yeye ndiye aliyelikataa. Alisema, "Mume wangu akijua itakuwa balaa." Si ndiyo imekuwa?

Nikamfungulia mlango atoke. Hakuinuka, akazidi kusema.

— Na kile cha barua alinikataza. Alisema ukikisema, kiseme chote, la sivyo kiache. Mimi nikakata mwisho wake. Ulikuwa mrefu, ungewanyamazisha watu. Jukwaani ukimya ni kifo.

— Kulikuwa na mwisho?

— Kurasa mbili.

— Nitumie.

— Ni Kiingereza.

— Nitumie, kisha toka.

Kiingereza changu ni cha injini na bei. Nikaiambia simu initafsirie, ikanipa Kiswahili cha mtu aliyeanguka kichwa chini. Nikarudi Bawshar kabla ya alasiri. Eda ilibaki siku tisa. Nikagonga mlango wa wageni.

— Nani?

— Kwani humu ndani tuko wangapi?

— Unataka nini?

— Nna karatasi. Nisomee.

— Nilishakwambia, mpelekee Wael.

— Hii umeiandika wewe.

Ndipo akafungua. Akakaa ukingoni mwa kitanda, mimi nikakaa chini, nje ya mlango. Akachukua simu, akaanza kuigeuza Kiswahili kwa sauti kavu ya karani wa mahakama.

— "Mwanzo nilikuwa nnamsomea haraka nimalize, niende zangu. Siku moja ikaja barua, mkopo wa nyumba umekataliwa. Sikuweza kumwambia. Nikamsomea uongo, nikasema benki bado wanafikiria. Akafumba macho, akasema, soma tena, sauti yako imedanganya. Herufi moja haijui pale, lakini kajua. Sijawahi kusikilizwa hivyo, si na baba yangu, si na mwalimu wangu, si na mwanafunzi wangu yeyote. Siku ya pili nikanunua daftari, nianze kuandika, nione kama kuna mwingine duniani anayesikiliza hivyo. Bado sijampata."

Akanirudishia simu.

— Umesomewa. Nenda.

— Kwa nini hukuniambia siku ile?

— Nilisema nisikilize. Ukasema nimekuacha.

— Hata na mwisho huo, Muhsina, ulinivua nguo mbele ya watu.

— Nilikuvua. Nimekosa. Siri haikuwa yangu kumpa mtu. Hilo nimelilia humu ndani peke yangu, wala sikukuita unifute machozi.

— Na mimi nimekosa.

— Wewe zaidi.

— Zaidi vipi?

— Mimi kabla sijampa nilifikiri miezi miwili. Wewe miaka ishirini na mbili ya ndoa umeitupa kwa pumzi moja, nikiwa na vitunguu mkononi.

— Nataka nikurejeshe.

— Ruhusa yangu huhitaji. Tafuta mashahidi wawili, useme, imekwisha. Lakini nikirudi hivyo tu, nitakupikia, nitakusomea barua zako, na neno la zaidi hutalisikia mpaka mmoja wetu azikwe.

— Unataka nini?

Akampigia Ketan, akaweka simu sauti ya juu.

— Ketan, hakuna kurasa tena. Na kitabu kitoke na jina langu chini ya lako, au kisitoke. Ulivyonitumia na nilivyokutumia ninavyo vyote.

— Muhsina, tafadhali, mumeo hatakubali.

Muhsina akanitazama. Hakunisaidia hata kwa nyusi.

— Liandikwe, — nikasema. — Tena lisomeke.

— Na Mumbai nitasema nini mimi?

— Sema ulivyoacha hesabu, — akamjibu Muhsina. — Mpaka leo hujamsimulia mtu, na ni kichekesho kweli.

Akakata.

— Bado, — akaniambia. — Wanawake wa hapa Bawshar wana ukumbi wao. Wameniita mwezi ujao. Sasa nitasimama mwenyewe.

— Utasema nini?

— Nitakusema wewe.

— Na ya bima?

— Na ya bima, pamoja na mwisho wake.

— Na ya talaka?

— Ya talaka ndiyo nitakayofungulia.

Damu ilinipanda mpaka masikioni. Nilimwacha kwa kichekesho kimoja, na sasa ananidai ukumbi mzima. Nikatoka nje, nikasimama juani mpaka kanzu ikanigandia mgongoni. Nikapiga simu mbili.

Baada ya alasiri wakaja: Saud, uso umekunjwa, na Wael na funguo zake kidoleni. Wakakaa barazani.

— Nimemrejesha mke wangu Muhsina katika eda yake, — nikasema. — Nyinyi mashahidi.

— Tumeshuhudia, — akasema Wael. — Lakini kwani mlifika huko kwa nini?

Ningeweza kumwambia ni mambo ya nyumba, na mtu wa adabu haulizi zaidi ya hapo.

— Kwa sababu karatasi zako sijui kuzisoma, Wael. Miaka kumi na tisa nazipeleka nyumbani, ananisomea yeye, nazishika kwa moyo, asubuhi nakuja kuzisema. Alichokisema yule Mhindi ni kweli tupu.

Wael aliacha kuchezea funguo.

— Kwa hiyo muuzaji wangu bora miaka yote hiyo ni Muhsina.

— Hicho usikitumie mahali popote, — sauti ikatoka ndani. — Nakiandika.

Saud akacheka kwa lazima, kisha akainuka, akasogea mlangoni.

— Dada, basi umemsamehe?

— Nimerejeshwa, — akasema Muhsina. — Kusamehe bado. Mwambie akawatilie wageni kahawa.