Fuvu la Saba

"Hivi ninyi watu wa Jembe, mafuvu yenu mangapi?"

Mzee Maduhu aliuliza hivyo asubuhi moja akiwa ameegemea ua wa jirani zake, binti yao Kija akifagia ndani yake. Katika kijiji chao, kule Migato, timu inayoshinda mashindano ya mpira ya baada ya mavuno ya pamba haipewi kikombe. Hupewa fahali. Nyama huliwa siku hiyo hiyo, fuvu likatundikwa uani kwa nahodha, na hiyo ndiyo hesabu ya ushindi. Marehemu baba yake Kija alikuwa nahodha wa Jembe, na mafuvu ya timu yalibaki kwao.

"Mwangaluka, babu," Kija alisalimia.

"Mwangaluka. Jibu basi. Sisi wa timu ya Radi tunayo sita."

Ya Jembe nayo yalikuwa sita. "Saba," Kija alisema.

"Saba! Mbona naona sita?"

"Moja liko ndani."

"Haya. Jumapili tukitoka kanisani nakuja kuhesabu mwenyewe. Baba yako hakuwa mwongo. Wewe tutakuona!"

Akaenda zake akicheka, na kicheko kile kilimkaa Kija rohoni. Mchana akakumbuka shimo la bondeni. Mwezi Juni ng'ombe wa mzee Maduhu alianguka ghafla malishoni, damu nyeusi ikamtoka puani. Bwana mifugo alisema ni kimeta: asichunwe, asiliwe, azikwe kwa kina cha kimo cha mtu. Watoto wakakatazwa kukanyaga pale.

Kija alikwenda na mdogo wake Milembe, wa miaka sita. Walikuta mbwa wamekwisha kufukua, fuvu liko juu, jeupe. Kija alilibeba kwa kitambaa. Milembe ndiye aliyelisugua kwa mchanga, kwa mikono mitupu iliyokwaruzwa na maganda makavu ya pamba.

"Dada, tutawashinda Radi?"

"Tumeshawashinda. Usimwambie mama."

Jumapili mzee Maduhu alihesabu kwa fimbo yake. Alipofika la saba, lenye pembe moja iliyopinda kuelekea jichoni, fimbo ilisimama.

"Huyu mlimpata mwaka gani?"

"Mwaka ambao baba aliugua."

Mzee alimtazama Kija, akalitazama fuvu. "Saba," alisema, akaondoka. Safari hii hakucheka.

Kesho yake Milembe alitokwa na kipele mkononi. Jumatano kilikuwa kidonda cheusi kama mkaa, wala hakikumuuma, lakini mkono ulivimba hadi kwapani na mwili ukawaka homa. Mama yao, Felisita, aliomba usiku kucha, kisha alfajiri akampeleka zahanati.

"Amegusa mzoga? Ngozi? Mfupa?" mganga aliuliza.

"Hapana, daktari. Nyumbani hatuna mnyama aliyekufa," mama alijibu.

Kija alikuwa amesimama mlangoni. Alinyamaza. Akanyamaza mpaka aliposikia mganga akisema, "Nisipojua, natibu kwa kubahatisha, na mtoto hana muda." Hapo akapiga magoti, akasema yote.

Sindano zikaanza saa ile ile. Kija naye akapewa dawa. Milembe alipona, kwa neema ya Mungu, lakini vidole viwili vya mkono wa kulia havikukunjika tena. Kalamu anaishika kwa kushoto.

Bwana mifugo alilichoma fuvu, akapanga kurudi kesho yake na chokaa kulifukia shimo upya. Asubuhi ya siku hiyo, Milembe akiwa amesharudi nyumbani, mama alimwita mzee Maduhu ndani, akamketisha karibu na kitanda cha Milembe.

"Babu, uliijua pembe ya ng'ombe wako?"

"Niliijua."

"Jumapili ile?"

"Jumapili ile." Sauti yake ilikuwa ndogo. "Shimo nililichimba la kina cha magotini tu. Ardhi ilikuwa ngumu. Ningesema, mngeniuliza mbwa walimfikiaje."

Mama hakupaza sauti. Alimgeukia Kija. "Mwanangu, timu zilikuwa sawa, sita kwa sita, na hakuna aliyepungukiwa na kitu. Uongo wako uliomba mfupa, mfupa ukaomba mkono wa mdogo wako. Ukimya wako pale mlangoni nusura uombe roho yake. Kimeta hukaa ardhini miaka mingi kikisubiri mtu asiyesikia. Na ukweli unaouficha hukaa vivyo hivyo."

Kisha akamtazama mzee. "Hayo nimeyasema kwa mtoto. Mkubwa anajisemea mwenyewe."

Mzee Maduhu aliugusa mkono wa Milembe, vile vidole viwili. Akainuka, akachukua jembe lililoegemea ukuta, akatoka kuelekea bondeni, kwenye lile shimo.