Kiti cha Gasaro Kilikuwa Kitupu

Anayedhani mapenzi yanahitaji maua hajawahi kununua sambaza, vile visamaki vya Ziwa Kivu, sokoni Kamembe jioni watu wakitoka kazini. Fungu lilikuwa limebaki moja, na mikono miwili ilikuwa juu yake. Mmoja ni wa Gasaro, mwenye kitenge cha kijani na viatu vya ofisini vilivyojaa matope. Wa pili ni wa Niyonshuti, mkandarasi wa mabomba ya maji, saruji bado iko kwenye nyusi.

"Papa, achia samaki. Ni miye nilifika wa kwanza."

"Chukua, Maman. Lakini mwenye kupika ananialika."

Akamwalika kweli. Haukupita muda wakawa wanaitana sheri bila haya, na simu zao hazikupoa.

Mambo yaliharibikia kijijini Gashonga. Niyonshuti alikuwa anachimba mtaro wa bomba alipokuta mbele yake mashamba ya maharage yanayokaribia kukomaa. Kina mama wakamwomba asubiri wavune. Angewakataliaje, yeye aliyelelewa Bukavu na mama mkulima? Akakubali kwa mdomo, akaondoa vibarua, asiwaandikie neno waliompa kazi. Huko ofisini ikaonekana amekimbia. Kamati ya zabuni ikapendekeza afungiwe kazi zote za serikali, na hakuna aliyemwita kumuuliza. Kwa mkandarasi mdogo, huko ni kuzikwa mzima.

Kilichomuumiza zaidi ni kusikia kwamba Gasaro ni mjumbe wa kamati ileile. Akampigia.

"Sheri, ni kweli banataka kunifungia?"

"Siwezi kuzungumuza na weye sasa. Nisamehe." Simu ikakatwa.

Hasira hasara, lakini nani huikumbuka methali moyo ukiwaka? Niyonshuti aliifunga namba ya Gasaro, akalala na uchungu wake.

Hatimaye kamati ikamwita ajieleze. Alivaa shati jeupe lililopigwa pasi vizuri, akajiandaa kumwona mpenzi wake miongoni mwa mahakimu. Badala yake alimkuta kwenye benchi la nje, mikono mapajani. Akampita bila salamu. Ndani, kiti kimoja kilikuwa kitupu.

Alieleza habari ya maharage. Nyiransabimana, mkulima wa Gashonga, akainuka na kilemba chake cha kanisani.

"Tulimuomba sisi benyewe. Kama ni kosa, ni letu pia."

Mzee Habineza, mwenyekiti, alinong'onezana na wenzake, kisha akavua miwani.

"Hatukufungii. Ni onyo tu, na siku ingine uandike. Ila ujue, tulikuwa karibu kupiga sahihi. Gasaro akasimama hapa mbele ya sisi bote, akasema, 'Huyu muntu namupenda, siwezi kumuhukumu. Lakini hata kama ningekuwa simujui, hamuwezi kumufungia bila kumusikiliza.' Akatoka, hakurudi."

Niyonshuti alitoka, akamwendea Gasaro pale kwenye benchi. Aliona aibu kuliko alivyowahi kuona maishani.

"Sheri," alisema.

"Usiniite vile. Nilikupigia siku ileile nilitoka mu kamati. Namba imefungwa. Nikapiga tena na tena. Uliniuliza hata neno moja?"

"Hapana."

"Bale balikuita. Weye haukuniita."

Niyonshuti alichuchumaa mbele yake na suruali yake safi, watu wakipita wakigeuza shingo.

"Basi nakuita sasa. Sema yote. Niko nasikiliza."

Gasaro alisema. Alisema juu ya simu isiyoita, na macho ya wenzake ofisini, na jinsi alivyomkosa. Niyonshuti hakumkatiza hata mara moja.

"Umemaliza?"

"Bado."

"Nitangoja. Niko na mazoea ya kungoja maharage." Akamwona anazuia kicheko. "Ukimaliza, naweza kwenda kuona baba yako?"

Gasaro akamfuta vumbi begani, ingawa shati lilikuwa safi.

"Enda," alisema. "Lakini yeye naye, umuache aseme kwanza."